Malori Ishirini na Mawili ya Udongo

Kwa miaka mingi kazi yangu ilikuwa kuandika majina ya watu wengine. Kama uliwahi kupita Goma siku zile ukasoma jina la baa, la duka la vitenge au la kinyozi juu ya mlango, basi karibu hakika ulisoma mkono wangu. Mwaka wa 1972, serikali ilipotangaza kwamba majina ya ubatizo ni mambo ya Wazungu na kila raia wa Zaïre atafute jina la mababu zake, wengine walihuzunika. Mimi nilinunua rangi. Nilimfuta Zéphirin, fundi baiskeli wa mtaa wa Mapendo, nikamwandika Mulumeoderhwa, na kwa kuwa jina jipya halikutosha ubaoni, ikabidi tuongeze ubao. Ilikuwa miezi mizuri sana kwangu. Lakini jina langu mimi, Kamate, sikuwahi kuliandika popote, maana hakuna mteja anayemwita fundi ili fundi ajitangaze mwenyewe.

Nasema haya mapema ili mtu asinicheke atakaposikia jinsi nilivyohangaika baadaye.

Mwaka wa 1978 alikuja Monsieur Florent kutoka Ubelgiji, mtengeneza filamu, mtu mrefu mwenye mazoea ya kutazama kila kitu kupitia vidole alivyovipanga mraba mbele ya jicho. Alinitazama na mimi hivyohivyo. Katika baa moja alikuwa ameona ukuta nilioupamba kwa ziwa na meli, akauliza nani kauchora, akaletwa kwangu. Alitaka décorateur, yaani fundi wa kutengeneza kila kitu kitakachoonekana nyuma ya wachezaji: nyumba, njia, vyungu, hata uchafu.

"Na mwisho wa filamu," akaniambia, "jina lako litatokea peke yake kwenye kitambaa cheupe. Watu wa Brussels watalisoma."

Nikamwomba arudie. Akarudia. Kuanzia hapo angeniambia nihamishe mlima, ningeuliza tu ni upande gani.

Filamu yenyewe ilimhusu mama mmoja katika kijiji ambacho hakijaona mvua miaka mitatu. Ili kuonyesha ukame huo, Monsieur Florent alikuwa amechagua Goma, ambako mvua hunyesha mpaka viatu vinaota ukungu kabatini. Sikuuliza. Hoteli yake ilikuwa kando ya ziwa, na walisema samaki wake ni mtamu.

Akachagua mtaa wetu wa Ndosho, nyumba tisa za mbao zilizokaa juu ya mawe. Goma nzima imekaa juu ya moto uliopoa: mlima ulitapika zamani, yale matapishi yakaganda, sisi tukajenga. Ardhi yetu ni nyeusi, inakata viatu, na ukitaka kuchimba choo unatafuta kwanza watu wanne na maombi. Monsieur Florent akasimama katikati, akapanga vidole vyake, akatikisa kichwa.

"Nyeusi mno. Watu hawataamini kwamba hapa ni Afrika."

"Lakini ni Afrika," nikasema.

"Wewe unajua, na mimi najua. Mtazamaji hajui. Kwa mtazamaji, Afrika ni nyekundu."

Basi tukaileta Afrika. Tuliichimba kwenye kilima kimoja upande wa Masisi, juu ya Sake, tukaipakia kwenye lori, tukaimwaga mtaani kwetu. Safari ishirini na mbili. Nilizihesabu kwa sababu kila lori nilisimama juu yake mwenyewe na koleo. Tulipomaliza, mtaa mzima ulikuwa umefunikwa udongo mwekundu wenye kina cha mkono mpaka kiwiko, kutoka nyumba ya kwanza mpaka ya tisa. Wazee waliohamia kutoka Masisi walikuja kuushika, wakaunusa, wakautambua kuwa wa kwao. Mmoja wao akaniuliza kwa upole kama kichwa changu kiko salama.

Halafu nikaanza kuzeesha nyumba. Hiyo ndiyo kazi yenyewe ya décorateur, na ni kazi ya kugombana na watu. Nilipaka mbao kahawa iliyochemshwa, moshi wa mkaa na mafuta machafu ya injini, mpaka zikaonekana zimekaa miaka mia katika taabu. Jirani yangu Mama Annonciata hakukubali. Jioni nilichafua mlango wake, asubuhi nikaukuta umesuguliwa kwa mchanga unang'aa. Nikauchafua tena, akausugua tena, akinionea huruma kabisa, akidhani kuna mtu ananichezea. Mara ya nne nikamweleza. Akasema wageni kutoka Ulaya wasione mlango wake mchafu, potelea mbali filamu. Mwishowe tulikubaliana autundikie mkeka mkuukuu, na mlango ubaki safi nyuma yake.

Monsieur Florent alipokuja kukagua, alitembea mtaa wote, vidole vya mraba mbele ya jicho. Kisha akanishika mabega. "Kamate, sasa hapa ni Afrika." Nilifurahi, nisidanganye. Usiku ule nililiona jina langu likiwaka kwenye kitambaa, na nikaanza kufikiria aina ya herufi.

Kilichobaki ni kamera. Kamera zilikuwa zimezuiliwa forodhani Kinshasa, kwa sababu ya karatasi moja ambayo ilikuwa inatafuta muhuri mmoja, na mwenye muhuri alikuwa safarini. Wiki moja ikawa mbili, mbili zikawa nne. Monsieur Florent na Wazungu wenzake wakaenda kuangalia sokwe, wakaenda upande wa Rutshuru kuangalia viboko, wakarudi hotelini kuangalia ziwa. "Nilindie décor yangu," Monsieur Florent aliniambia. Nikaapa.

Ni hapo mama mkwe wangu alipokuja kutoka Butembo.

Alikuja kwa sababu mke wangu, Émérance, alikuwa amejifungua mtoto wetu wa tatu. Kwenye karatasi za serikali mke wangu ni Kahindo tu, lakini mama yake, Mama Ernestine, hakujali karatasi za serikali. Sasa, sisi Wanande, mama mkwe ni mtu wa heshima iliyokaribiana na hofu. Mbele yake sili. Usoni simtazami. Nikikutana naye njiani natoka njiani mimi. Na nikiwa na neno, nalipitisha kwa mke wangu, hata kama sote watatu tumekaa chumba kimoja.

Asubuhi ya kwanza Mama Ernestine alitoka nje na mswaki mdomoni, akauona udongo. Mvua za Septemba zilikuwa zimeanza. Alikuwa mwanamke aliyelima tangu alipoweza kusimama, na tangu binti yake aolewe Goma alilalamika kwamba tumemweka mtoto wake juu ya mawe kama mjusi. Akainama, akachukua konzi moja, akaifinyafinya.

"Émérance," akaita, "udongo ya namna hii inalala bure, mvua iko inanyesha, na batu banaiangalia tu?"

"Mama, hiyo ni ya filme."

"Filme inakulaka nini?"

 Jibu mimi nilikuwa nalo, refu sana, lakini nilikuwa nyuma ya pazia, na si mahali pa mkwe kuropoka. Mchana ule Mama Ernestine akafungua kitambaa alichokuja nacho. Ndani mlikuwa na maharage ya zawadi ya mzazi, mbegu nzuri za Butembo. Akapanda kuanzia mlangoni kwetu mpaka mlango wa jirani, kwa mistari iliyonyooka kuliko barabara yoyote ya Zaïre.

Nikamwita mke wangu pembeni. "Mwambie mama, kwa heshima zote, ule udongo una mwenyewe."

Alikwenda, akarudi. "Anauliza mwenyewe iko wapi."

"Yuko hotelini."

Alikwenda, akarudi. "Anasema kama mwenyewe iko hoteli, basi hana njaa."

Yalikuwa mazungumzo yetu marefu kuliko yote tuliyowahi kufanya, mama mkwe na mimi.

Ndani ya wiki moja mtaa wote ulikuwa unalimwa. Wanawake waliotoka Masisi, ambao kwa miaka walikuwa wakinunua maharage kwa kikombe sokoni huku mikono yao inajua kuyalima, walitoka na majembe niliyodhani waliyaacha milimani. Walipima kwa kamba. Walitukanana kidogo kuhusu mipaka. Chef wa kartié, yaani mkuu wa mtaa wetu, Papa Buhendwa, alikuja kwa hasira kuuliza nani ameruhusu, akaonyeshwa kona moja nzuri isiyo na mtu, akapanda na yeye. Kisha akaandika ripoti kwamba raia wa Ndosho wameitikia kwa moyo mmoja wito wa chama kuhusu kilimo. Nasikia ripoti hiyo ilipongezwa.

Na mimi? Mimi nilipita kila siku katikati ya maharage nikienda hotelini kutoa habari. "Décor iko namna gani?" Monsieur Florent aliuliza. "Inaendelea vizuri," nilijibu, na haukuwa uongo, ilikuwa inafika magotini.

Mwanzoni mwa Novemba telegramu ikaja. Muhuri umepatikana. Kamera ziko kwenye ndege. Kazi inaanza Jumatatu.

Ilikuwa Alhamisi. Nilikaa kitandani nikiwa nimeshika kichwa. Katika filamu ya ukame wa miaka mitatu, mtaa wangu ulikuwa kijani kibichi kutoka mwanzo mpaka mwisho, na maganda yamening'inia. Monsieur Florent akiona vile, atamtafuta fundi mwingine Bukavu, na jina langu litarudi lilikokuwa, yaani hakuna popote. Nitasema wazi: asubuhi ile niliamua kung'oa. Kung'oa maharage ya mama mkwe, kabla hayajakomaa, kwa ajili ya herufi sita. Nilikuwa mtu mbaya na nilijua.

Kulipopambazuka nilitoka na jembe. Nilisimama kwenye mstari wa kwanza. Nikaliinua. Na mlango ukafunguka, Mama Ernestine akatoka na beseni. Miguu yangu ilifanya ilivyofundishwa: ikatoka njiani yenyewe, nikasimama pembeni, macho chini, jembe mkononi. Alinitazama kitambo. Kisha akasema kwa sauti, kuelekea ndani ya nyumba:

"Émérance! Ambia bwana yako asante sana. Lakini palizi tulimalizaka. Alale tu, anachokaka na kazi ya Bazungu."

Nikarudi ndani na jembe langu. Mke wangu alikuwa ameketi ananyonyesha. Alinitazama, akalitazama jembe, akaelewa kila kitu. "Kamate," akasema taratibu, "yenye ulitaka kufanya, Mungu alifunga macho." Hajalirudia neno hilo mpaka leo, na ndiyo maana sijalisahau.

Jumatatu Monsieur Florent alifika na watu wake wote. Sitaki kueleza makelele. Alikuwa mwekundu kuliko udongo. "Hii ni filamu ya njaa!" alipiga kelele. "Njaa, Kamate! Nitaonyeshaje njaa katikati ya haya mamboga? Yang'olewe leo! Yote!"

Nyuma yake, milangoni, wanawake walikuwa wamesimama na mikono kiunoni. Hawakujua Kifaransa, lakini mtu anayeonyesha maharage yako kwa kidole namna ile hahitaji kutafsiriwa. Nikatazama majani. Mimi ni mtoto wa mkulima, ingawa nilikimbilia brashi. Na jani la chini kabisa, kwenye mstari wa mama mkwe, nikaona limeanza kupata rangi ya njano pembezoni.

"Monsieur," nikasema, "nipe siku ishirini."

"Za nini?"

"Nitakupa ukame. Hujawahi kuona ukame wa namna hiyo. Leo ukiyang'oa utapata udongo mtupu tu, na udongo mtupu hausikitishi mtu. Nitakupa shamba lililokufa."

Alipanga vidole vyake, akatazama. Wazo likamwingia. "Unaweza? Kwa dawa gani?"

"Siri ya kazi."

"Ukiweza," akasema, "jina lako nitaliandika kubwa kuliko langu."

Wakaenda kupiga kwanza picha za mambo ya ndani ya nyumba. Na mimi nikafanya kazi ngumu kuliko zote nilizowahi kufanya, yaani hakuna. Nilipita asubuhi na jioni kati ya mistari nikiwa na ndoo tupu na uso wa mtaalamu. Maharage yakafanya yanayofanya maharage yote duniani yanapokomaa. Majani yakawa njano, yakajikunja, yakaanguka. Mashina yakawa vijiti. Maganda yakakauka, yakageuka rangi ya karatasi kuukuu. Monsieur Florent alikuja kila siku, na kila siku alinong'ona zaidi, kama yuko kanisani. Siku ya kumi na tisa nilimkuta amechuchumaa, ameshika kijiti kikavu, macho yana maji. "Ni mauti matupu," akasema. Kijiti kile kilikuwa na maganda kumi na moja, na kila ganda lilikuwa limejaa.

Siku ya kupiga picha ilikuwa siku ya kuvuna. Hakuna aliyepanga, ni maharage yaliyopanga. Senario, yaani maandishi ya filamu, ilisema wanawake wang'oe mimea iliyokufa kwa kukata tamaa. Kung'oa waling'oa. Tatizo lilikuwa kukata tamaa. Monsieur Florent alilia kwa lugha zote: huzuni, mama, huzuni! Nikatafsiri kwa Émérance, Émérance akamtafsiria mama yake.

"Nihuzunike?" Mama Ernestine akauliza. "Juu ya nini? Nihuzunikie mavuno, kusudi mwaka ujao yasikuje?"

Akachomoa kichala kikubwa, akakipeperusha juu ya kichwa, akapiga vigelegele. Mtaa mzima ukaitikia. Nikafunga macho nikingoja makelele. Lakini Monsieur Florent alikuwa ametulia nyuma ya kamera, anatazama vinywa vilivyofunguka. "Endeleeni," akasema polepole. "Sauti tutaitoa. Tutaweka filimbi."

Waliondoka kabla ya Krismasi. Monsieur Florent alinikumbatia uwanja wa ndege, akaandika jina langu kwenye daftari lake, akaniuliza kama linaandikwa kwa K mbele. Nikasema ndiyo. Nikamwandikia mwenyewe hapo chini, kwa herufi nzuri, ili asikosee.

Filamu ilifika Goma baada ya mwaka mmoja na zaidi, ikaonyeshwa Jumapili mchana katika ukumbi wa parokia, madirisha yamezibwa kwa mablanketi. Ndosho yote ilikuja. Mama Ernestine alishuka kutoka Butembo kwa ajili hiyo, siku mbili juu ya lori, amevaa kitenge kipya. Aliketi upande mmoja wa Émérance, mimi upande wa pili, ili heshima ipite katikati.

Tulimwona Mama Annonciata na mkeka wake. Tulimwona Papa Buhendwa, ambaye hakutakiwa kuonekana, akivuka kwa nyuma na kapu. Kisha ukaja mtaa, mwekundu, na shamba langu lililokufa, na wanawake wanapanua vinywa kimya huku filimbi inalia. Kwa kweli walionekana kama watu waliofiwa na kijiji kizima. Ndani ya filamu mtu asiyeonekana akaanza kusema kwa Kifaransa, sauti nzito.

"Anasema nini?" Mama Ernestine akauliza.

"Anasema udongo ya hapa ilikufa," Émérance akamjibu. "Haizae tena."

"Macho yake iko wapi? Pale nilitoaka magunia mbili!"

Ukumbi ulipasuka kwa kicheko. Wengine walisimama kuonyesha maharage yao kwenye kitambaa, wakiyahesabu. Katika historia ya sinema sidhani kama njaa imewahi kushangiliwa namna ile.

Mimi sikucheka. Mimi nilikuwa nangoja mwisho.

Mwisho ukaja. Majina yakaanza kupanda. La Monsieur Florent kwanza. La mwenye kamera, la msaidizi wa mwenye kamera, la mpiga filimbi. La dereva. Mpishi wa hoteli alikuwemo, na herufi zake zilikuwa mbaya. Nilikuwa nimeshika kiti kwa mikono miwili. Halafu, peke yake katikati ya kitambaa, kama nilivyoahidiwa, ukatokea mstari mmoja:

*Tourné en décors naturels.*

Maana yake ni kwamba filamu ilipigwa mahali palivyo, kama Mungu alivyopaumba. Hakuna fundi. Hakuna aliyetengeneza kitu. Malori ishirini na mawili, kahawa, moshi, mlango wa Mama Annonciata mara nne, vyote vimekuwa naturels. Nilikuwa nimefanya kazi yangu vizuri mno mpaka nimejifuta mwenyewe. Sioni haya kusema kwamba machozi yalikuwa yamefika.

"Émérance," Mama Ernestine akasema, "muulize bwana yako, jina yake njo gani pale?"

Mke wangu anasoma Kifaransa kuliko mimi. Alinigeukia. Tulitazamana. Mstari ulikuwa bado unawaka.

"Mwambie mama," nikasema, "ni ile."

 Émérance akamgeukia mama yake. "Ni ile, Mama. Yenye iko peke yake."

Mama Ernestine aliutazama mstari ule mpaka ukazimika. "Ni murefu," akasema kwa kuridhika. "Inapita hata ya Muzungu. Aliongeza majina ya mababu?"

"Aliongeza."

"Alifanya vizuri."

Jumanne Mama Ernestine alikuwa anafunga mizigo. Udongo ulikuwa bado upo. Wanawake walikuwa wameuzungushia mawe ili mvua isiuchukue, na kila msimu ulizaa. Kulikuwa na gunia lake moja la kwenda nalo Butembo, kuwaonyesha watu kwamba hata mawe ya Goma yamezaa. Akamtuma Émérance kwangu. Alitaka niandike kwenye gunia lile jina langu lote, kama lilivyokuwa kule kwenye filme, herufi kwa herufi, ili huko nyumbani wajue mkwe wake ni nani.

Nilichukua brashi ndogo na rangi nyekundu. Niliandika polepole, sikuacha hata neno moja kati ya yale manne ya Kifaransa, na nadhani sijawahi kuandika herufi nzuri kama zile. Mama Ernestine alisimama mbali kidogo, kama inavyotakiwa, akingoja rangi ikauke. Gunia liliondoka kesho yake na lori la Butembo.